Upande wa Nyuma wa Shuka

Siku niliyopigwa picha ya sinema, nilikuwa nimemaliza siku tatu nikijizoeza kuwa mimi mwenyewe. Nilitembea kutoka mlangoni hadi ghala la mahindi, nikarudi, nikaenda tena. Nilijaribu kuinua jembe kwa namna ambayo mtu huinua jembe wakati hakuna anayemtazama. Mke wangu, aliyekuwa akipepeta mtama uani, aliniangalia kwa muda.

"Umepoteza nini?"

"Sijapoteza kitu. Najizoeza kutembea."

"Kwani umesahau?"

Kweli nilikuwa nimesahau. Tangu nilipoambiwa kwamba mzungu wa sinema anakuja nyumbani kwetu, miguu yangu ilikuwa imegeuka kuwa ya mtu mwingine, na mikono sikujua niiweke wapi.

Sitaficha jambo katika maandishi haya. Mimi ni mtu wa wasiwasi. Kazi yangu ni kuandika vibao vya maduka mjini Kitale, na sikufundishwa na mtu. Baba alifariki nikiwa mdogo, shule ikaishia darasa la pili, na herufi nyingine zote nilizipata kwenye magunia ya sukari, makopo ya mafuta na ubavu wa mabehewa ya gari la moshi. Kwa kuwa hakuna aliyenifundisha, hakuna pia aliyewahi kuniambia kwamba sasa imetosha. Naweza kufuta herufi moja mara tano. Mwenye duka mmoja alinisimamia siku nzima nikihangaika na herufi ya kwanza ya jina la duka lake, mwishowe akasema, "Bwana, mimi nauza sukari. Siuzi herufi."

Hivyo ndivyo nilivyokuwa hata katika mambo ya ndoa. Kwetu, upande huu wa Bungoma, mtu na mama mkwe wake hawaonani uso. Akija njiani, unaingia kwenye mahindi mpaka apite. Akiwa ndani ya nyumba, unakaa nje. Ukiwa na neno la kumwambia, unamtuma mke wako, na ukiwa na kitu cha kumpa, mke ndiye anayekibeba. Si chuki. Ni heshima, na ni heshima kubwa kuliko zote tulizo nazo.

Kaka yangu aliivunja. Alikuwa anatoka kwenye pombe akakutana na mama mkwe wake katikati ya gogo tunalovukia mto. Badala ya kurudi nyuma akampita bega kwa bega, tena akamsalimu kwa mkono. Kabla ya wiki kwisha mke wake alikuwa amerudishwa kwao, na alipokuwa bado yuko huko, mimi ndipo nilipoenda kuposa.

Mama mkwe wangu alitoa jibu lake akiwa ndani, mimi nikiwa nje nyuma ya ukuta, na nililisikia kwa masikio yangu mawili. "Ile nyumba ina watu wasiojua kupisha njia," alisema. "Nitawapa mtoto wangu. Lakini siku mkwe atakayonikosea heshima, nitamchukua mwanangu, na sitaita wazee kujadili."

Basi niliapa kwamba mimi nitakuwa mkwe asiye na doa. Kwa mwaka mmoja na miezi miwili nilikuwa hivyo. Nilimjua mama yule kwa kilemba chake cha rangi ya kutu, nikikiona kwenye kilima cha pili naingia shambani. Nilimjua kwa kikohozi. Nilijua hata nyayo zake, maana mguu mmoja ulikanyaga kwa nje kidogo. Alikuwa mfinyanzi, na vyungu vyake vilikuwa nyumbani kwetu vitatu. Nilijua alama ya dole gumba lake shingoni mwa chungu. Uso wake nilikuwa sijauona hata mara moja.

Gari la sinema lilinikuta Kitale. Lilikuwa gari la serikali, lililokuwa likizunguka kuonyesha watu picha za ng'ombe na sabuni, na maandishi ya mlangoni yalikuwa yamechubuka. Niliyaandika upya. Mzungu wake, mwembamba, mwenye pua iliyochomwa na jua, alikaa kwenye sanduku akaniangalia saa mbili bila kusema neno. Pamoja naye alikuwa msaidizi wake, Mwislamu wa mjini aliyezaliwa pale pale karibu na msikiti wa Kitale, mtu wa kofia safi na maneno mengi. Yeye ndiye aliyeendesha mashine na kutafsiri.

"Anasema ametafuta mtu kama wewe," msaidizi akaniambia. "Mtu ambaye akishika kazi anasahau kama kuna watu."

Sikumwambia kwamba kwa saa mbili zile nilikuwa nimemwangalia mzungu kwa pembe ya jicho kila dakika. Aliendelea. Bwana wake alitaka kutengeneza picha ya nyumba moja. Hakutaka nyumba ya chifu wala ya mwalimu wa misheni. Alitaka nyumba ya mtu tu.

"Tutafanya nini kwenye hiyo picha?"

"Hakuna. Mtaishi."

"Kuishi namna gani?"

"Bana! Si vile mnaishi kila siku."

Nilirudi nyumbani na maneno hayo yakiniwasha. Nilikanda udongo na samadi nikaipaka nyumba upya. Niliazima koti la mwalimu. Walipofika, asubuhi, majirani wakiwa wamejaa uani, mzungu aliniangalia kutoka viatuni mpaka kwenye kola, akanong'ona.

"Anauliza," msaidizi akasema kwa sauti, "hilo koti ndilo unalovaa ukilima?"

"Leo analima ofisini!" jirani mmoja mzee akadakia, na watu wakacheka mpaka kuku wakakimbia. Nililivua koti.

Mzungu alisimamisha kamera juu ya miguu yake mitatu, kisha hakufanya kitu. Alingoja. Hicho ndicho kilichonishinda kuelewa, na mpaka leo kinanishangaza: alikuwa na subira ya mtu anayetega samaki. Saa moja ikapita. Mke wangu akachoka kusimama, akarudi kwenye mtama wake. Yule mzee akachoka kucheka, akaomba uji. Ng'ombe akalamba ndama. Nami, baada ya kutembea mara sita hadi ghalani kama askari kwenye gwaride, niliona mhindi umeanguka, nikainama kuuokota, na wakati huo huo nikasikia sauti ndogo kama ya cherehani iliyo chumba cha pili. Kamera ilikuwa imeanza kula utepe wake wa picha.

Ilikuwa mwisho wa mwezi, na kila mwisho wa mwezi nilileta sukari kutoka Kitale kwa ajili ya mama mkwe. Nilisimama mlangoni nikampa mke wangu ile pakiti, kama ada: mkono wa kulia unatoa, wa kushoto unashika kiwiko cha kulia kwa chini. "Mpelekee mama." Sikusahau hata kidole. Mke wangu aliipokea, akaiweka kichwani, akaenda. Mzungu na msaidizi wakamfuata na mashine yao, wakateremka mtoni, wakavuka gogo, wakapanda kilima cha pili. Mimi nilibaki, bila shaka.

Jioni mke wangu alinisimulia. Walimkuta mama yake akipandisha ukuta wa mtungi. Hakuacha kazi. Aliitazama kamera akauliza, "Hilo jicho halifumbi?"

"Halifumbi, mama, mpaka utepe uishe," msaidizi alimjibu.

"Basi litauma," mama akasema, akaendelea na udongo wake. Kisha aliipokea sukari kwa mikono miwili yenye matope, akacheka, na ikawa basi.

Mvua zikaja zikaenda. Nilikuwa Kitale, nikiandika vibao, na usiku nikilala nilijiona nikitembea vibaya. Kisha habari ikaja kwamba picha imerudi, na itaonyeshwa kwanza kwetu, kwenye uwanja wa soko.

Walitundika shuka jeupe kati ya miti miwili. Watu walikuja kutoka vilima vyote, na papo hapo tukaona tatizo ambalo mzungu hakuliwaza. Uwanja ni mmoja, na shuka ni moja, na pale palikuwa na wakwe wa kila namna wamegeuziana migongo, wengine wamejifunika nguo kichwani, wanaume wazima wamechuchumaa nyuma ya baiskeli. Hakuna aliyetoa amri. Kina mama wazee walichukua tu mikeka yao, wakazunguka, wakaketi upande wa pili wa shuka.

"Kina mama, huko ni nyuma!" msaidizi akaita.

"Nyuma ya nini?" shangazi wa mke wangu akamjibu. Alikuwa mwanamke mnene mwenye sauti ya kuitia watu mtoni. "Shuka ina nyuma? Huku tunaona vizuri na hatuoni mtu."

Msaidizi akacheka, akawaacha. Giza lilipoingia akawasha injini, na mwanga ukapiga shuka.

Kwanza yalikuja maandishi. Niliyasoma nikayalaumu moyoni, maana herufi moja ilikuwa imelala. Kisha kikaja kilima, na kilima kilikuwa chetu. Tumezoea kilima kile kama mtu anavyozoea goti lake, lakini pale kwenye shuka kilisimama kama kitu kilichoumbwa jana. Akaja ng'ombe wetu akalamba ndama, na watu wakamwita kwa jina. Akaja yule jirani mzee, akanywa uji, ndevu zikalowa. Mwenyewe alikuwa mbele yangu. Alisimama wima, mwanga ukampiga mgongoni.

"Kumbe mimi ni mzee!" akapaza sauti. "Na hamkuniambia!"

Watu walicheka, lakini yeye hakucheka. Aliketi polepole, akajishika ndevu.

Kisha nikaja mimi. Nilikuwa mkubwa kama mlango wa kanisa. Niliinama nikaokota mhindi, nikasimama, nikatembea, na nilivyotembea ndivyo baba alivyotembea. Bega moja lilitangulia kidogo, kama mtu anayepita kwenye umati. Nilikuwa nimemsahau baba kabisa. Nilikuwa nimebaki na jina lake na harufu ya tumbaku. Na kumbe miaka yote nilikuwa nimembeba mwilini, kila mtu akimwona, ila mimi. Nilisahau kujikosoa.

Mkono wangu ukatoa sukari. Ulinyooka mpaka ukajaza shuka. Na papo hapo, bila mtu kutembea, bila mto, bila kilima cha pili, mikono miwili yenye matope ikaipokea. Picha ikaanza kupanda kutoka kwenye ile mikono kuelekea juu, kwenye kifua, kwenye shingo, nami nikaelewa kinachokuja. Nikainamisha kichwa katikati ya magoti. Sikuona kitu tena. Nilisikia tu, kutoka upande wa nyuma wa shuka, sauti ya mwanamke:

"Kushoto!"

Na nyingine: "Wewe! Amempa kwa kushoto!"

Asubuhi shangazi alikuja na mwanamke mwingine wa kwao. Walikataa kiti.

"Hatukuja kukaa," shangazi akasema, macho yake yakiwa juu ya paa langu. "Umempa mama yako kitu uso kwa uso, mbele ya watu wote. Na ukampa kwa mkono wa kushoto."

Mkono wa kushoto, kwetu, haumpi mtu mzima kitu. Ni mkono wa kujisafishia. Kumpa mkwe kwa mkono huo ni kumwambia neno ambalo siwezi kuliandika hapa.

"Mimi sikumpa," nikasema. "Nilimpa mke wangu, kwa kulia."

"Tumeona kwa macho."

"Shangazi, mimi ndiye niliyebeba!" mke wangu akasema.

"Wewe hukuwepo."

"Sikuwepo? Nimevuka mto na sukari kichwani, nusura niteleze, na sikuwepo?"

"Mtoto, tulikuangalia. Wote tulikuangalia. Hukuwepo." Shangazi alisema hivyo kwa huruma, kama anayempa mtu habari ya msiba. "Mama yako amesema uje."

Neno la mama ni neno la mama. Mke wangu alifunga nguo zake ndani ya kanga. Alikuwa na mimba ya miezi minne, na hilo tulikuwa bado hatujamwambia mtu. Mlangoni alinigeukia. "Tafuta njia," akaninong'oneza. "Si wewe ni fundi?"

Sasa nakiri jambo la aibu. Walipokwenda, nilichukua pakiti nikasimama mlangoni, nikatoa. Nikatoa tena. Nilitoa mara nyingi mpaka sikujua tena mkono wa kulia ni upi. Nilianza kuwaamini wao. Kina mama wote wale walikuwa wameona, na sisi wa mbele hakuna aliyekuwa ameangalia ni mkono gani. Mimi nilikuwa na kumbukumbu tu, na kumbukumbu ya mtu mwoga. Nilifikiri, labda siku ile nilikosea, na kwa kuogopa sana kukosea sikuona kwamba nimekosea.

Nilipanda baiskeli nikaenda Bungoma, ambako gari la sinema lilikuwa limekwenda. Msaidizi alikuwa amekaa kivulini mwa gari, akizungusha utepe kutoka gurudumu moja kwenda jingine. Nilipomweleza alicheka, akaona uso wangu, akaacha.

"Ngoja," akasema. Alitafuta mahali kwenye utepe, akaunyoosha kuelekea juani, akiushika kingoni kwa ncha za vidole. "Tazama. Usiguse."

Nilikuwa sijawahi kuwaza kwamba ile picha kubwa inatoka kwenye kitu kama kile. Nilijiona, mdogo kuliko ukucha, mara kumi, mara ishirini, mmoja chini ya mwingine, kila mmoja amesimama mlangoni na pakiti mkononi. Mkono wa kulia. Nilihesabu vidole. Kisha msaidizi akaugeuza utepe, ndani nje, na wale wote ishirini wakawa wanatoa kwa kushoto.

"Umeona? Picha haijabadilika. Aliyezunguka ni mtazamaji."

Wale mama walikaa nyuma! Nilitaka kucheka na kulia. Maandishi pia walikuwa wameyaona yakienda kinyume, lakini hakuna hata mmoja wao aliyejua kusoma, na kwao maandishi yote huenda kinyume.

"Na mke wangu?"

Alinionyesha. Picha ya mwisho ya mkono wangu, na chini yake, mikono ya matope. Kati yao palikuwa na mstari mweusi mwembamba kuliko uzi. "Hapa alikuwa anatembea," akasema. "Alitembea sana, bwana. Mkubwa wangu akasema watu watachoka, akamkata."

Niliutazama ule mstari kwa muda mrefu. Mto wetu wote ulikuwa mle, na gogo, na kilima, na mke wangu na mzigo wake. Na heshima yetu yote ilikuwa mle pia, maana heshima yetu ni ule mwendo wa katikati. Mtu mmoja mwenye mkasi, bila ubaya wowote, alikuwa ameupunguza mpaka ukawa uzi.

"Tunaonyesha tena hapa Bungoma, siku ya nne kutoka leo, uwanja wa stesheni," msaidizi akasema. "Mlete akae mbele."

Lakini mtu hamleti mama mkwe wake. Nilinunua kitambaa chepesi cha amerikani, nikachora juu yake mkono wa kulia umeshika pakiti, kwa rangi nzito ili ipenye mpaka upande wa pili. Ndiyo kazi pekee niliyowahi kuimaliza bila kufuta. Nikampelekea shangazi, nikakinyoosha juani.

"Mkono gani huo?" nikamuuliza.

"Kulia."

"Sasa zunguka, shangazi, uje huku nyuma."

Akazunguka. Akarudi mbele. Akazunguka tena, sasa kwa haraka, kana kwamba anataka kuukuta ule mkono kabla haujabadilika. "Simama hapo hapo, usitikisike," akanionya. Alizunguka mara nne, akihema, mwishowe akaketi chini. "Uchawi wenu wa Kitale," akasema, akanipokonya kitambaa, akaenda nacho.

Jibu lilirudi jioni. Mama mkwe alikuwa amekitazama pande zote mbili, akasema: "Kitambaa ni chake, na mkono amechora mwenyewe. Nataka kuona ule wa mzungu." Angekwenda Bungoma kwa lori la mahindi. Angekaa mbele. Nami nilijua, bila kuambiwa, kwamba nyuma ni kwangu.

Uwanja wa stesheni ulijaa. Nyuma ya shuka tulikuwa watatu: mimi na wachukuzi wawili wa mizigo waliokosa nafasi. Sikuweza kumwona yeyote wa mbele. Nilisikia tu kikohozi ninachokijua, na mwili wangu ukataka kukimbilia mahindini, lakini pale hapakuwa na mahindi.

Maandishi yakaja kinyume. Akaja ng'ombe, akaja mzee. Nikaja mimi, nikitembea kama baba, lakini bega jingine ndilo lililotangulia. Na nikatoa sukari kwa mkono wa kushoto. Niliona kwa macho yangu. Ulikuwa ni mkono wa kushoto kabisa, bila haya, na wa kulia umeshika kiwiko kama kwa kejeli. Ningekuwa mama yule, ningemchukua binti yangu usiku ule ule.

Ikaja mikono yenye matope. Picha ikaanza kupanda, na shingo yangu ikaanza kuinama yenyewe, kama ilivyozoea.

Niliizuia. Sijui kwa nini. Nimejiuliza mara nyingi, nami sina jibu zuri. Niliinua kichwa, nikatazama.

Alikuwa na uso mdogo. Nilikuwa nimeuwaza mkubwa na mkali, wenye mikunjo ya hasira. Ulikuwa uso wa mtu anayefikiria udongo. Paji lilikuwa la mke wangu, jinsi lilivyojitokeza kidogo juu ya macho, na shavuni palikuwa na tone la matope. Alipoipokea sukari aliinua macho, akacheka, na kicheko kilianzia upande mmoja wa mdomo, kama kinavyoanzia kwa mke wangu. Hakuwa anacheka kwa ajili yangu, alikuwa akimchekea binti yake aliyekatwa. Lakini pale kwenye shuka palikuwa na mimi ninayetoa na yeye anayepokea kwa furaha, na niliketi gizani karibu na reli, mtu mzima, kama niliyeitwa kwa jina. Kitu ambacho hakikutokea, na ambacho hakingeweza kutokea, nilikuwa nakiona. Mikono yake ikarudi kwenye mtungi. Ikazunguka, ikasukuma, ikapandisha ukuta, na mtungi ukakua mbele yangu.

Upande wa mbele shangazi alilipuka.

"Kulia! Si ni kulia, bana! Na mwangalieni, hata mfinyanzi leo anafinyanga kwa kulia! Juzi mbona alikuwa wa kushoto?"

Kelele zikapanda, vicheko, vigelegele. Kikohozi sikukisikia tena. Niliondoka kabla injini haijazimwa, ili njia iwe wazi kwake.

Siku mbili zilipita. Sikurudi Kitale, mwenye duka angengoja. Asubuhi ya tatu nilimwona mke wangu akipanda kilima na bunda lake, na juu ya bunda chungu kipya.

"Mimi nataka kujua kitu kimoja tu," akasema kabla hata ya kufika. "Nani alinikata?"

"Mzungu."

"Mwambie siku nyingine abebe sukari yeye." Akakishusha chungu chini, akakaa kwenye kizingiti, akapumua. "Nimemwambia mama habari ya mtoto. Amesema nizalie huku, kwangu."

Nilikishika chungu kwa sababu mikono ilitaka kazi.

"Na ameuliza," akaendelea, sasa polepole, akinitazama kwa udadisi, "lile kovu lililo juu ya jicho lako, nani alikuumiza."

Alikuwa ameketi mbele, yule mama, mbele ya watu wote, na hakujifunika.

"Nikamwambia sijui. Nimelala karibu na kovu hilo zaidi ya mwaka, sijauliza."

Nikamweleza. Nilikuwa na miaka kumi na moja, stesheni ya Bungoma, nikikimbia kando ya behewa linaloondoka ili nimalize kusoma neno lililoandikwa ubavuni, nikakutana na mlingoti. Mke wangu alicheka mpaka akajishika tumbo, kisha akasema atamwambia mama.

"Na wewe," akauliza, "ulimwona?"

Ningeweza kusema uongo. Mpaka leo napisha njia nikiona kilemba cha rangi ya kutu, na sijakosea hata mara moja.

"Nilimwona."

"Ukaona nini?"

"Ana matope shavuni."

"Ah, hayo," mke wangu akasema, akainuka, akachukua chungu mikononi mwangu. "Hayo yako hapo siku zote." Akaingia ndani kukitafutia mahali.